Siku Kiganja Alipoangusha Kamba

Watu wanapenda kuwasifu manahodha. Merikebu ikitokea mawinguni, matanga yamejaa upepo, kila mtu barabarani husimama shingo juu na mdomo wazi, na utasikia, "Tazama nahodha anavyoiongoza!" Sijawahi kusikia mtu akisema, "Tazama yule bwana mfupi aliyesimama ukingoni mwa gati na suruali yenye kiraka." Na bila bwana yule mfupi, nahodha pamoja na merikebu yake, mizigo yake na sifa zake zote, angepita juu ya mji wetu na kwenda zake.

Merikebu ya angani haina breki. Imejengwa kwa mbao nyepesi zisizokubali kukaa chini, matanga yake yanafuata upepo, na upepo haumsubiri mtu. Ikifika gatini hupita tu sambamba na ukuta, kwa mwendo wa mtu aliyechelewa kazini. Hapo baharia aliye ubavuni hurusha kamba. Kwenye ncha ya kamba kuna fundo kubwa la matambara ambalo watu wa gatini huliita kitunguu, na kazi ya mdaka kamba ni kukidaka kitunguu hicho, kuivuta kamba mbio, na kuizungusha kwenye nguzo ya jiwe kabla haijakaza. Akiwahi, merikebu inatetemeka kidogo, inatulia, watu wanashuka. Asipowahi, kamba inamponyoka, merikebu inapitiliza, na hapo lazima ikalizunguke bonde zima ndipo irudi tena na upepo. Hakuna anayekufa. Ila aibu yake ni ya kumfanya mtu atamani kuhama mji.

Kiganja alikuwa mdaka kamba. Jina alilopewa na mama yake lilikwisha kusahauliwa hata na mama mwenyewe, maana viganja vya bwana yule vilikuwa vigumu kama soli ya kiatu. Alikuwa akitoa sufuria motoni bila kitambaa, na binti yake alipokuwa mdogo alidhani baba wote duniani wanafanya hivyo. Katika miaka yake yote gatini alikuwa hajaangusha kamba hata moja. Ukimuuliza siri yake atakuambia hakuna siri. "Mimi naangalia kitunguu. Sina habari na merikebu." Na alikuwa hatanii, kwa sababu merikebu zenyewe alikuwa hazijui kwa sura. Ukimwambia habari za ile yenye nakshi ya dhahabu ubavuni, atakuuliza, "Hiyo kamba yake ni nene au nyembamba?"

Gati liko juu kabisa ya mji, ukutani mwa genge la mwamba, na kibanda cha wadaka kamba kiko mwisho wa ngazi, kimebanwa pembeni kana kwamba mjenzi alikumbuka dakika ya mwisho kwamba wafanyakazi nao ni watu. Ndani mna benchi, jiko la mkaa, birika lililoungua kitako na misumari ya kutundikia glavu. Humo Kiganja alikuwa akishinda na mwenzake Kipara, mtu asiye na unywele kichwani hata wa dawa, ambaye domo lake halikujua likizo. Kipara alikuwa mdaka kamba mzuri, lakini alidaka huku anaongea, jambo ambalo Kiganja aliliona kama uchawi. Aliyewasimamia wote alikuwa mama mmoja wa miraba minne aliyeitwa Filimbi, kwa sababu ya filimbi aliyovaa shingoni. Alicheka mara chache na kupuliza mara nyingi.

Sasa, gatini pale kuna sheria moja ambayo haikuandikwa popote lakini kila mtu anaijua: mwenye mtu wake ndani ya merikebu hagusi kamba ya merikebu hiyo. Awe mke, mume, mtoto, ndugu, haidhuru. Jicho la mtu humkimbilia mtu wake, na jicho likishaondoka kwenye kitunguu, mikono haina cha kufanya. Ndiyo maana wadaka kamba hawaoni wapendwa wao wakifika. Siku hiyo wanaambiwa wakae nyumbani.

Na mke wa Kiganja alikuwa mpishi wa merikebu yenye tanga la bluu.

Kwa hiyo fikiria maisha ya bwana huyu. Aliwapokea wake za watu, waume za watu, shangazi za watu na masanduku yao, akawaona wakikumbatiana mbele ya pua yake kila siku ya kazi. Mke wake mwenyewe hakuwahi kumwona akifika. Siku ya Bluu kurudi, Kiganja alibaki kwenye vyumba vyao viwili chini ya ngazi, akafagia palipokwisha kufagiwa, akachemsha chai, akaimwaga kwa sababu imepoa, akachemsha nyingine. Akisikia filimbi huko juu alijua merikebu imefika, na hapo aliketi haraka kwenye kiti karibu na mlango, akashika kiatu na sindano, ili mke wake akiingia amkute ana shughuli. Kiatu kilekile, miaka nenda miaka rudi. Mke wake alikuwa akikiona na kunyamaza.

Mama yule aliingia akiyumba kidogo, maana miguu yake ilikuwa bado inadhani iko hewani. "Hodi wenye nyumba," alisema, ingawa nyumba ni yake. Kisha alikagua sufuria, akajua mara moja kwamba mumewe alikuwa akila chakula ndani ya sufuria akiwa amesimama, akamsema kwa hilo, na nyumba ikachangamka. Vifuniko vyote alivifunga kwa uzi, mazoea ya jikoni ya angani ambako kifuniko kisichofungwa hukukuta usoni. Usiku alilalamika kwamba hapati usingizi kwa sababu kitanda hakitikisiki. "Nyumba hii imekufa ganzi," alisema. Kiganja alikuwa na dawa yake. Aliinuka, akashika mguu wa kitanda, akakitikisa polepole mpaka mke wake akaanza kukoroma, kisha naye akalala mgongo ukimuuma. Hilo hakumwambia Kipara, na alifanya vizuri, maana mji mzima ungejua kabla ya asubuhi.

Hivyo ndivyo walivyoishi, na wala msimwonee huruma sana, kwa sababu alikuwa mtu mwenye furaha. Kazi yake aliipenda, nyumba yake aliipenda, na mke wake alimpenda kupita kiasi. Kosa lake ni moja tu, kwamba mambo hayo alimwambia kila mtu isipokuwa mke mwenyewe.

Mwaka huo binti yao aliolewa. Akaolewa na nani? Na mtoto wa Kipara. Vijana walikuwa wameoneana haya kwenye ngazi za gati tangu utotoni, na siku ya harusi Kipara alilia mpaka kichwa kizima kikang'aa kwa jasho, akamkumbatia Kiganja na kumwita mkwe mwenzangu mbele ya watu. Filimbi naye alikuwepo, akala, akacheza, akapuliza filimbi bila sababu. Watu wote wa gati walifurahi siku ile, na katika wote hao hakuna hata mmoja aliyekaa chini akafikiri kidogo. Subirini mtaona.

Siku chache baada ya harusi Bluu iliondoka tena. Kabla mke wake hajapanda ngazi, alisimama mlangoni na kikapu chake mkononi.

"Baba watoto," alisema, "nahodha amepewa njia mpya. Ng'ambo ya milima. Nikiendelea naye, nitakuwa narudi hapa mara mbili kwa mwaka, basi. Nikiacha, naacha, anatafuta mpishi mwingine. Anataka jibu langu tukirudi safari hii."

Kisha akamtazama mumewe, akangoja.

Na Kiganja, mtu ambaye mikono yake haijawahi kuchelewa, ulimi ukamganda. Moyoni alitaka kusema baki. Alitaka kusema kwamba chai ya mtu mmoja haina ladha, kwamba binti sasa ameondoka na vyumba viwili vimekuwa vikubwa kama soko siku ya mapumziko. Lakini akawaza, huyu anaipenda anga, nani mimi wa kumshusha? Akasema:

"Mwenyewe unajua."

Mwenyewe unajua! Ningekuwa karibu ningemzaba kofi la mgongo yakamtoka yaliyobaki. Mke wake alisema "Haya" tu, akapanda ngazi bila kugeuka, na Kiganja akakaa kwenye kiti chake karibu na mlango, roho juu, kuanzia hapo mpaka siku ya Bluu kurudi.

Siku hiyo ilifika na jua zuri na upepo wa kutosha. Kiganja alifagia, akachemsha, akamwaga. Huko juu kibandani, Kipara alikuwa akishusha glavu zake kwenye msumari huku anapiga mluzi. Mdaka kamba wa tatu, dada mmoja mwenye mabega ya kubeba gunia, hakuwepo kwa sababu alikuwa amejifungua juzi yake. Hilo halikumsumbua mtu. Kazi ya kuipokea Bluu ilikuwa ya Kipara siku zote.

Filimbi aliingia kunywa chai, akamtazama Kipara akivaa glavu, akaacha kikombe kikining'inia mbele ya midomo.

"Kipara. Mpishi wa Bluu ni nani?"

"Si mke wa Kiganja? Umesahau?"

"Sijasahau. Na mwanao amemwoa nani?"

Kipara alifungua mdomo, na kwa mara ya kwanza tangu azaliwe hakikutoka kitu.

"Mkwe siyo mtu wako," alisema hatimaye. "Mkwe ni... mkwe ni jirani aliyesogea."

"Siku ya harusi ulimwita dada. Ulimwita dada yangu wa damu. Nilikuwa nimekaa pembeni yako na ulinimwagia mchuzi."

"Ile ilikuwa furaha tu!"

"Sheria haijasema furaha. Imesema mtu wako."

Hapo ndipo walipogundua walichokifanya. Gati zima lilikuwa limesherehekea ndoa iliyomfungia nje na Kipara, kama Kiganja alivyokwisha kufungiwa. Filimbi alichungulia dirishani. Tanga la bluu lilikuwa limeshachomoza juu ya kilima, dogo kama leso. Akatoka mbio kwenye kichwa cha ngazi, akapuliza filimbi mpaka mishipa ikamsimama shingoni, akaita, "Kiganja! Panda juu! Acha kiatu hicho!"

Kumbe na yeye alikuwa anajua habari za kiatu.

Kiganja alifika akihema, akaelezwa, akashika kichwa. Kipara sasa alikuwa amebadilika rangi. Mwanzoni alikuwa amejitetea kwamba yeye si ndugu, lakini kadiri tanga lilivyokua ndivyo alivyozidi kuwa ndugu.

"Mkwe mwenzangu, sikiliza," alimwambia Kiganja. "Nikiiangusha kamba ya mama mkwe wa mwanangu, mimi nitakula wapi? Binti yako ndiye anayepika nyumbani kwangu sasa. Nitawekewa maji na chumvi."

"Na mimi je? Mimi ni mume!"

"Wewe hujawahi kuangusha."

"Kwa sababu sijawahi kumpokea yeye!"

"Nyamazeni wote," alisema Filimbi. "Kipara anatetemeka, huyo hafai. Kiganja, wewe si huwa unasema huna habari na merikebu? Basi leo usiwe na habari nayo. Angalia kitunguu. Ukiinua macho nitakufukuza, na kama sikukufukuza nitakusimulia kwa watu mpaka nife."

Kiganja alivaa glavu, akapiga moyo konde, akaenda kusimama ukingoni. Alikodoa macho pale ambapo kitunguu kingetokea, akaanza kujisemea kimoyomoyo, kitunguu, kitunguu, kitunguu. Kivuli cha Bluu kilipanda ukuta, kikamfunika miguu, kikamfunika kifua. Alisikia matanga yakipigapiga na mbao zikilia. Baharia akapaza sauti, "Kamba!" Mikono ya Kiganja ikapanda yenyewe, ikafunguka.

Hapo akasikia sauti ya mke wake ikicheka.

Alikuwa anataka kujua jambo moja tu, lile alilokaa nalo roho juu siku zote hizo. Alitaka kumwona usoni, ajue kama anabaki au anakwenda. Akainua macho.

Alimwona. Alikuwa amesimama kwenye mlango wa jiko la merikebu, aproni kiunoni, mwiko mkononi, nywele zikipeperuka, akimcheka baharia mmoja aliyejimwagia kitu. Miguu yake ilikuwa imetulia kwenye sakafu ile inayoyumba kuliko ilivyowahi kutulia nyumbani. Kiganja hakuwahi kumwona kazini. Alikuwa amependeza sana, na Kiganja akasahau kwamba ana mikono.

Mama yule akageuza uso, akamwona mumewe. Kicheko kikasimama, na mwiko nao ukasimama hewani.

Kitunguu kikampiga Kiganja begani, kikaruka, kikaanguka ukingoni na kuteleza chini kama mjusi aliyeshtuliwa. Kamba yote ikakifuata. Bluu ikapita, na bahari ya nyuso ubavuni mwake ikapita nayo, kila uso umetoa macho. Ikapitiliza mwisho wa gati na kwenda zake bondeni, polepole, na mke wake akiwa amesimama palepale mlangoni mpaka akawa mdogo.

Wapagazi waliacha mikokoteni. Filimbi ikamdondoka Filimbi mdomoni.

"Mama yangu weee," alisema Kipara.

Sasa, merikebu ikishapitiliza, kulizunguka bonde huchukua muda wa kuchemsha maharage mpaka yaive, na hakuna njia ya kuharakisha. Watu waliokuja kuwapokea jamaa zao wakaketi kwenye ngazi. Wengine walimtazama Kiganja kwa huruma, wengine walicheka kwa adabu nyuma ya viganja. Mzee mmoja alimwambia mkewe kwa sauti kubwa, "Si nilikuambia hakuna asiyekosea?" akiwa na furaha kama aliyepata urithi.

Kiganja aliingia kibandani akakaa kwenye benchi. Aibu ilikuwepo, tena nyingi, lakini aibu haikuwa ndiyo iliyomkaba. Kilichomkaba ni kile alichokiona. Mke wake alikuwa amesimama kule juu kama mtu aliyeko kwao. Huyo habaki, alijiambia. Ningekuwa yeye, nami nisingebaki.

Kipara alimletea chai, akakaa pembeni yake.

"Ulitaka kuona nini?" aliuliza baadaye.

Kiganja akamweleza yote, njia mpya, jibu la nahodha, mlangoni pale.

"Na wewe ukamwambia abaki?"

"Anajua."

"Nani kamwambia?"

Kiganja akakizungusha kikombe mkononi.

"Mwanangu alikuwa hivyohivyo," alisema Kipara. "Mwaka mzima ananiambia, baba, yule msichana anajua nampenda. Nikamuuliza, nani kamwambia, mimi? Maana mimi nawaambia watu mambo mengi lakini hilo sijamwambia. Akaenda akamwambia. Leo hii wewe na mimi tumefungiwa nje ya kazi." Akamsukuma kwa kiwiko. "Kunywa chai. Safari hii daka kwanza, utazame baadaye."

Bluu ilirudi upepo ukiwa umelegea kidogo. Gatini watu walikuwa wameongezeka, maana habari ilikuwa imeshuka ngazi na kupita sokoni, na hata watu wasio na mgeni walikuja kuona kama Kiganja atarudia. Alisimama palepale. Alisikia matanga, akasikia mbao, akasikia mabaharia wakimtania kutoka juu, "Mzee, tukurushie na mto wa kulalia?" Hakusikia mke wake akicheka. Ukimya huo ulimvuta shingo kuliko kicheko, lakini macho hakuyainua. Kitunguu kilipokuja alikidaka mbele ya kifua, akavuta, akakimbia, akaizungusha kamba kwenye nguzo na kuikaza mpaka jiwe likalia. Bluu ikatetemeka, ikatulia. Gati zima likampigia makofi, ya dhihaka na ya kweli yakichanganyika, na Filimbi akapuliza kwa nguvu zake zote ili mtu asione kwamba machozi yanamlengalenga.

Ubao wa kushukia ukawekwa. Watu wakaanza kushuka, na kama kawaida wakaanza kupigiana kelele. Anayetoka angani masikio huwa yameziba kwa muda, hasikii vizuri, basi kila anayepokelewa utasikia, "Eti? Sema kwa nguvu!" Gati siku ya merikebu ni kama baraza la viziwi. Kiganja alisimama katikati ya zogo hilo, glavu bado mikononi, akimngoja mtu ambaye hakuwahi kumngoja pale.

Mke wake alishuka wa mwisho, na kikapu chake. Alikuja akiyumba mpaka mbele ya mumewe, akasimama. Kipara na Filimbi walijifanya wanakagua nguzo.

"Umeangusha kamba," alisema.

"Nimeangusha."

"Watu huko juu wananiambia miaka yote, mume wako hajawahi kuangusha."

"Nilikuwa nakutazama wewe."

Kiganja alivua glavu moja, akaivaa tena. Akaona kwamba akingoja mpaka wafike nyumbani atakaa kwenye kile kiti, atashika kile kiatu, na jambo lenyewe litapita kama kamba ilivyopita. Akainama kidogo, akasema kwa sauti ya chini kabisa:

"Usirudi juu. Baki nyumbani na mimi."

Mke wake akaweka mkono sikioni. "Eti?"

"Nasema, usirudi juu."

"Masikio yameziba, baba watoto. Sema kwa nguvu."

"Usirudi juu! Baki!"

Kichwa kimoja kikageuka, halafu kingine.

"Bado sikusikii!"

Kiganja alitazama kulia, akatazama kushoto. Jasho lilimtoka kuliko la kazi. Kisha akajaza kifua pumzi na kupiga ukelele ambao nasikia ulifika mpaka sokoni. "NASEMA USIENDE HUKO MILIMANI! NYUMBA NI KUBWA MNO BILA WEWE! NAKUPENDA NA NINATAKA UBAKI!"

Zogo lote la gati likakatika. Hata wale waliozibwa masikio walisikia. Kiganja alisimama katikati ya ukimya huo, mwekundu wa macho, akitamani ukuta ufunguke ummeze.

"Nilikusikia mara ya kwanza," alisema mke wake polepole. "Miaka mingapi nimeshuka hapa nikipokelewa na Kipara, baba watoto? Nilitaka na mimi leo nisikike nikiombwa mbele za watu."

Macho yalikuwa yamemjaa maji. Alimtwika mumewe kikapu, akageuka akaitazama merikebu, tanga lake la bluu likikunjwa, jiko lake likiwa bado linafuka moshi kidogo, akaitazama kwa muda, maana aliipenda na hataacha kuipenda. Kisha akaita.

"Nahodha!"

Nahodha alichungulia kutoka juu.

"Tafuta mpishi mwingine!"

"Lakini mama, si uliniambia asubuhi kwamba unaendelea nasi?"

"Hiyo ilikuwa asubuhi," alisema mke wa Kiganja. "Nilikuwa sijaombwa."